Jinsi Nilivyowapandisha Daraja Ladrilleros

Jumanne, 2 Mei 2017

Tumeingia fainali! Nimeandika hivyo hata kwenye mlango wa stoo ya vifaa, kwa chaki, herufi kubwa. Fainali ya kupanda kutoka Daraja la Tatu kwenda la Pili. Mechi mbili na Santa Brígida: Jumapili hii kwao, Jumapili ijayo kwetu. Mji wetu wa San Gonzalo haujawahi kufika huku tangu watu waanze kuchoma matofali hapa.

Leo doña Obdulia katuita wote kiwandani. Yeye ndiye rais wa klabu, na kiwanda cha tortilla, zile chapati za mahindi, ni chake. Tumesimama katikati ya mashine, jasho linatutiririka. Hakuzunguka mbuyu. Kuna matajiri wa pwani wanataka kununua leseni ya klabu na kuihamishia kwao, jina na kila kitu. Tukipanda, hauzi. Tusipopanda, anasaini. Mashine ziliendelea kutema tortilla. Hilarión, nahodha na beki wetu, mfyatua matofali wa kilo tisini, nimemwona anajifuta macho kwa kofia.

Kisha kaongeza neno. Daraja la Pili kila klabu lazima iwe na Mkurugenzi wa Michezo. Tukipanda, atamteua.

Moyo ukanilipuka! Miaka kumi na sita ni mtunza vifaa wa Ladrilleros, yaani Wafyatua Matofali. Nafua jezi, najaza mipira upepo, nachora mistari ya uwanja. Karibu yote imenyooka. Nani mwingine?

Hapo Fulgencio akakohoa. Fulgencio ni kinyozi, na siku za mechi ndiye mtangazaji wetu wa uwanjani. Nakijua kikohozi kile. Kikohozi cha mtu anayejiona tayari kwenye kiti cha kuzunguka.

Nimeamua. Timu nitaipandisha mwenyewe. Kwa akili.

Jumatano, 3 Mei

Sikukuu ya Msalaba, siku ya waashi. Hakuna mazoezi! Nusu ya timu wako juu ya majengo, wanafunga misalaba ya maua ya karatasi na kula nyama ya nguruwe. Siku nne kabla ya fainali!

Kocha Nabor kanituma nikawarudishe. Nabor ni shemeji yangu, kaka wa mke wangu Eduviges, ndiyo maana hunituma bila haya. Nimeenda jengo la kwanza. Wakanipa sahani. Jengo la pili, sahani. Jengo la tatu, sahani na wimbo. Nimerudi saa kumi jioni bila mchezaji hata mmoja, nimelegeza mkanda matundu mawili.

Nabor kauliza wachezaji wako wapi. Nimemjibu kwamba wana ari kubwa sana.

Eduviges kasema nanuka nguruwe mzima. Yeye huuza tamales, madonge ya unga wa mahindi yaliyopikwa ndani ya majani, getini siku za mechi. Pia ndiye anayetunza vyeti vya wachezaji, kwenye kopo la biskuti, kwa sababu mimi niliwahi kuvipoteza. Mara moja. Sawa, mara mbili.

Alhamisi, 4 Mei

Ujasusi! Nimeazima mkokoteni wa lambalamba, kofia pana na masharubu ya bandia ya mchezo wa Krismasi. Nimepanda basi la mizigo hadi Santa Brígida. Nikajipanga kando ya uwanja wao wa mazoezi, nikapiga kengele.

Kosa dogo: kumbe lambalamba zinapendwa. Timu nzima ikaacha mazoezi ikaja kupanga foleni. Nimehudumia watu ishirini na sita bila kuona hata pasi moja. Yule winga wao hatari, namba saba, wanamwita Paa kwa mbio zake, kala tatu za ukwaju na kulalamika kwamba ni chachu.

Lakini subira imelipa. Kocha wao kaja mwisho, akachukua ya nazi, kisha akamwambia msaidizi wake kwa sauti kubwa kabisa, kana kwamba mwenzake ni kiziwi, kwamba Jumapili watashambulia upande wetu wa kulia tu. Kulia, akarudia. Kulia! Nimeandika kiganjani.

Nilipokuwa naondoka kanipungia mkono: “Msalimie sana kocha Nabor!”

Watu wa adabu sana wale. Ingawa sijui alijuaje kwamba namfahamu.

Ijumaa, 5 Mei

Nimepeleka taarifa kwa Nabor. Kanisikiliza mpaka mwisho, jambo ambalo halijawahi kutokea. Kauliza mara tatu kama nina hakika ni kulia. Nimemwonyesha kiganja. Kauliza kama yule kocha alisema mbele yangu kabisa. Nikamwambia ndiyo, kama mita moja hivi. Na alikusalimia? Alisalimia.

Nabor kanikumbatia! Kisha kaenda moja kwa moja kumpanga Hilarión azibe upande wa kushoto.

Nimepiga kelele. Kulia, shemeji, kulia! Kanipigapiga begani: “Shemeji, wewe endelea tu kuniletea habari. Usibadilike hata kidogo.”

Mtu mkaidi! Hata hivyo sikukata tamaa. Kule Santa Brígida watakuja watu wa televisheni ya mkoa, na jezi zetu nyekundu za rangi ya tofali zina madoa ya tangu mwaka juzi. Nimeziloweka kwenye dawa ya kung'arisha nguo. Chupa inasema kifuniko kimoja. Lakini hii ni fainali. Nimemimina chupa.

Jumapili, 7 Mei

Jezi ni za waridi.

Zimetoka mkobani mbele ya timu nzima, kumi na nane, waridi kama keki ya binti anayetimiza miaka kumi na tano. Hilarión kaishika yake kwa vidole viwili. Nimeeleza kwamba utafiti unaonyesha rangi hii humchanganya adui. Nabor kauliza utafiti gani. Nikakumbuka kwamba nilitakiwa kuhesabu chupa za maji, nikatoka.

Uwanja mzima umewacheka. Wamepigiwa miluzi ya kuitia mabinti. Mtu wa televisheni alicheka mpaka kipaza sauti kikamponyoka. Vijana wetu wakawa na hasira ambayo sijaiona miaka kumi na sita. Walikuwa wanakaba kama watu wanaodai heshima ya mama zao. Tumetoka sare, bao moja kwa moja! Kwao!

Na mashambulizi yao? Yote yalikuja upande wetu wa kushoto. Yote! Yalimkuta Hilarión, yakaishia hapo. Ni wazi kabisa kilichotokea: waligundua kwamba nimejua siri yao, wakabadilisha mpango dakika ya mwisho kwa hofu. Nimemweleza Nabor hivyo ndani ya basi. Amejifunika uso kwa kofia, mabega yanamtikisika. Uchovu.

Fulgencio kakaa kiti cha mbele, karibu na doña Obdulia, anampepea kwa gazeti. Safari nzima!

Jumatano, 10 Mei

Siku ya Mama. Hakuna mazoezi tena! Nchi hii haitaki kabisa tupande daraja. Kila mchezaji kampeleka mama yake kula, kila nyumba ina tarumbeta.

Lakini ndipo nilipopata wazo. Fulgencio ana gazeti la kupepea? Mimi nitamletea doña Obdulia bendi ya mariachi! Watu saba, kofia kubwa, mlangoni kwake saa sita mchana. Wakimaliza wimbo wa pili, nitajitokeza nyuma ya maua ya bougainvillea nikiwa na shati jeupe, nitainama. Mkurugenzi mtupu.

Wamepiga wimbo wa kwanza. Mlango ukafunguliwa. Doña Obdulia kasimama pale na aproni, unga wa mahindi hadi viwikoni. Akaweka mkono kifuani. Akauliza, taratibu mno: “Ni Rosendo? Mwanangu ndiye kawatuma?”

Rosendo yuko Chicago. Miaka mitatu hajapiga simu. Mji mzima unajua, na mji mzima hujifanya haujui.

Kiongozi wa mariachi kageuka kunitazama kule kwenye maua. Nilikuwa nimeshavuta pumzi ya kujitokeza. Mguu mmoja uko hewani. Basi sijui nini kilinipata. Nikatikisa kichwa kwamba ndiyo. Ndiyo, ni Rosendo.

Doña Obdulia akalia mpaka wimbo wa tano. Mimi nikabaki nimechuchumaa ndani ya miiba.

Mjinga mimi! Mpango safi kuliko yote, na sifa zimekwenda kwa mtu anayekula baga Chicago! Eduviges kaniuliza kwa nini nimekwaruzwa mikono yote miwili. Nikamwambia paka. Kauliza kwa nini macho ni mekundu. Nikamwambia paka huyo huyo.

Jumamosi, 13 Mei

Leo ni siku ya sayansi. Paa, yule namba saba, nguvu yake ni mbio, na hukimbilia sana goli la kusini, kwa sababu pale uwanja una mteremko kidogo. Nyuma ya goli lile pana mfereji wa kumwagilia mahindi. Umeona? Mtu mwingine asingeona.

Alfajiri nimefungua mlango wa mfereji. Dakika tano tu, udongo ulainike kidogo, Paa apunguze mwendo. Kisha nikaenda nyumbani kusubiri. Eduviges alikuwa kachemsha atole, uji wa mahindi wenye chokoleti. Nikanywa kikombe. Nikamweleza jinsi nitakavyopanga ofisi yangu. Nikanywa kingine.

Niliporudi kulikuwa na bata.

Bata watatu, wanaogelea ndani ya boksi la penalti.

Nabor kafika saa tatu. Mwanzo kasema maneno ambayo siwezi kuyaandika hapa, wajukuu wasije wakayasoma. Kamtaja bibi yangu, ambaye ni marehemu. Kisha ghafla kalitazama lile tope. Kavua viatu, kakunja suruali, kaingia. Kamwita Hilarión. Hilarión kachota tope, kalifinyanga, kalinusa, akacheka kwa mara ya kwanza wiki hii.

“Kocha, huu ni udongo wa tofali kabisa. Nimeukanyaga tangu nina miaka sita.”

Maji yakafunguliwa njia, tope likabaki, na Nabor akawazoeza humo humo kwa muda wa saa tatu nzima. Pekupeku! Kutembea, kugeuka, kuinua mpira kwa ncha ya kidole. Adhabu kubwa mno kwa vijana wasio na kosa, nimemwambia hivyo usoni. Kauliza kama nilishawahi kufikiria kufungua mfereji pande zote mbili za uwanja. Nikasema hapana. Akashukuru Mungu, sijui kwa lipi.

Jumapili, 14 Mei

Lazima niandike yote leo leo.

Mji mzima ulikuwepo. Matanuru yote ya matofali yamezimwa, na matanuru hayazimwi hapa hata kwa mazishi. Watu wamevaa waridi! Wanawake wa sokoni wametia rangi mashati, vitambaa, hata mbwa mmoja. Kwenye viti vya mbele wamekaa wale matajiri wa pwani, watu wawili wenye miwani nyeusi na mkoba. Mkataba umo ndani ya mkoba ule. Kila mtu alikuwa anautazama mkoba kuliko uwanja.

Mwamuzi kaja kukagua. Kadondosha mpira kwenye tope la kusini. Haukudunda, ila kwa kuwa haukuzama, kasema tucheze. Fulgencio hapo hapo kwenye kipaza sauti: “Uwanja umeandaliwa na Telesforo Urrutia! Wenye kiu wasipate shida!” Watu elfu mbili wakanicheka. Mshenzi!

Kipindi cha kwanza, ushindi wa akili. Santa Brígida wanashambulia kusini, Paa anakuja kama risasi, anafika kwenye tope, chwaa! Kiatu kikabaki, mguu ukaendelea. Mara nne! Nikasimama juu ya benchi, nikainama kuelekea jukwaa la doña Obdulia. Bila bila.

Mapumziko. Wanarudi uwanjani. Naona wetu wanaenda upande usio wao. Napiga kelele, jamani, upande ule! Mshika kibendera kaniambia timu hubadilishana magoli kipindi cha pili.

Nani kaweka sheria hii? Tangu lini? Mshika kibendera kauliza nimefanya kazi kwenye mpira miaka mingapi. Nikaenda kutafuta ndoo.

Kwa hiyo sasa tope ni letu kushambulia! Nimeivunja klabu kwa mkono wangu. Nimekaa chini na ndoo kichwani, sikutaka kuona. Nikawaza stoo yangu imefungwa, mistari ya uwanja imefutika, Hilarión akienda Jumapili kumtembelea shangazi yake kama watu wasio na timu. Miaka kumi na sita.

Eduviges ndiye aliyeniondoa ile ndoo. Kaacha sufuria yake ya tamales getini, kaja kukaa na mimi. “Tazama, mzee wangu,” kasema. “Tazama tu.”

Nikatazama. Mabeki wa Santa Brígida wanateleza na viatu vyao vyeupe, mmoja akianguka anamshika mwenzake, wanakwenda chini wote. Wetu wanatembea. Wanatembea tu! Magoti juu, kisigino kwanza, kama wanavyokanyaga udongo shimoni tangu utoto. Dakika ya themanini na tatu Nabor kampandisha Hilarión mbele. Mpira mrefu ukatua topeni, ukasimama kimya kama tofali. Kipa wao katoka mbio, kateleza, kaupita ule mpira kama kipande cha sabuni, kaenda mpaka kwenye kibendera cha kona. Hilarión akafika. Hakukimbia. Kauchota kwa ncha ya kiatu, taratibu, kama anamwinua mtoto kitandani.

Goli.

Dakika saba zilizobaki siwezi kuzieleza, sikuvuta pumzi. Paa kapiga moja ikagonga mwamba, na sauti ya ule mwamba nitaisikia mpaka kaburini. Kisha filimbi. Daraja la Pili! San Gonzalo de los Hornos, Daraja la Pili!

Vibibi wakaingia uwanjani na mikongojo. Hilarión kalala chali topeni, analia kwa sauti, watu wanamrukia. Wale wa miwani nyeusi wameondoka na mkoba wao bila kuaga. Mimi nikamkumbatia mtu, nikalia begani kwake muda mrefu, naye analia begani kwangu. Nikafungua macho. Fulgencio! Tukaachiana haraka, tukafuta mabega.

Jumanne, 16 Mei

Doña Obdulia katuita tena kiwandani. Nimevaa suti ya harusi. Vifungo viwili havifiki.

Katangaza Mkurugenzi wa Michezo. Nilikuwa nimeshapiga hatua moja mbele. Fulgencio naye. Tumegongana.

Eduviges.

Eduviges wangu! Muuza tamales! Doña Obdulia kasema mwanamke huyu anajua umri wa kila mchezaji, mama wa kila mchezaji, goti bovu la kila mchezaji, na kwamba bila lile kopo lake la biskuti tungeshafutwa ligi miaka minane iliyopita. Wachezaji wamepiga makofi mpaka mashine zikasimama. Mimi pia nilipiga. Nilikuwa wa mwisho kuanza na wa mwisho kuacha, hilo liandikwe.

Nimemfuata Nabor nje. Nimemdai aseme ukweli mbele ya watu kuhusu mchango wangu. Kaniwekea mikono yote miwili mabegani. “Shemeji, nakuapia, bila wewe tusingepanda. Uliposema kulia, nikajua ni kushoto.”

Nimeitafakari kauli hii siku nzima. Nadhani ni lugha ya makocha.

Kisha doña Obdulia kaniita kando, nyuma ya magunia ya mahindi. Kauliza kuhusu mariachi. Mariachi gani, nikasema.

“Telesforo, viatu vyako vilikuwa vinaonekana chini ya maua.”

Nikataka kuzama. Kumbe alijua tangu wimbo wa pili. Hata hivyo, nyimbo zilipoisha aliingia kupiga simu Chicago kumshukuru mwanawe. Rosendo mwanzoni hakuelewa, kisha akaelewa, kisha wote wawili wakalia. Wamezungumza saa nzima. Toka siku hiyo anapiga kila jioni, jana kataka asimuliwe lile goli mara tatu.

“Kwa hilo nakushukuru mpaka nife,” kasema. “Kwa ukurugenzi, hapana.”

Hapana! Hivi hivi tu, mtu kavaa suti!

Ijumaa, 19 Mei

Barua ya ligi imefika. Daraja la Pili wanataka uwanja wenye viti vya kutosha. Sisi tuna viti mia sita na ukuta. Mkaguzi anakuja keshokutwa, Jumapili, saa nne asubuhi, kuhesabu.

Mkurugenzi, yaani Eduviges, kasema ameshazungumza na shule, ukumbi wa harusi na watu wa matanuru, kila kitu kiko tayari. Kaniangalia machoni, kaniambia: “Mzee wangu, wewe usifanye chochote. Nimesema chochote.”

Maskini. Kazi mpya, woga mwingi. Hawezi kuomba msaada wangu mbele za watu, kwa hiyo anaomba kwa mafumbo.

Nimeshapata suluhisho. Kanisani kuna mabenchi themanini, mbao ngumu, kila moja watu kumi. Nimepita leo mchana kuhakikisha. Matupu kabisa! Hakuna mtu hata mmoja amekaa. Yamerundikana tu pale bila kazi. Lori nimeshaazima, na tutayabeba Jumapili hiyo hiyo saa tatu asubuhi, yawe safi mkaguzi akifika. Padre sijamwambia. Sioni hata atajuaje kwamba hayapo.